Mhawaii wa Bertrams

Sehemu ya kumi na moja: Mtoto wa nani?

Wiki jana mlinilaani, najua. Nilimwacha Biubwa ameketi mbele ya kioo, mlango unafunguka bila hodi, mkono unapenya umeshika koja la asumini, nikakata hapo hapo. Msomaji mmoja wa Turffontein ameapa kwamba mkono ule ni wa marehemu Mzee Sipho. Ndugu yangu, tulia. Marehemu kazikwa, na watu wa Bertrams wamerudi nyumbani na udongo kwenye viatu.

Mkono ulikuwa wa mwanamke mzee. Nyuma yake lilifuata bega pana, kisha gauni jeusi lenye maua meupe, kisha uso wa mtu asiye na haraka.

"Naitwa Carmel," alisema kwa Kiingereza. "Nimetoka Molokai."

Mliopanda gari njiani, shikeni hili kabla hatujaondoka. Huyu Biubwa, Afrika Kusini nzima inamjua kwa jina la Nohea Kai, mwigizaji na mwimbaji wa Hawaii, mzaliwa wa kisiwa cha Molokai, yatima ambaye wazazi wake walizama baharini. Ukweli ni kwamba kazaliwa Morogoro, mama yake Bi Ilham wa Unguja, baba yake Mzee Sipho Mabuza, mpigania uhuru aliyekimbilia Tanzania, akasilimu, akaoa, na nchi yake ilipotulia akarudi na familia. Binti kakulia Bertrams, mtaa wa Johannesburg karibu na uwanja wa Ellis Park. Hawaii hajaiona hata kwa darubini.

Molokai aliichagua meneja wake, Gaston. Alitafuta kwenye ramani kisiwa kidogo, akasema hakuna mtu atakayetoka huko. Hakufikiria kwamba kisiwa kidogo ndicho ambacho watu wake wote wanajuana.

Na sasa Molokai imeingia chumbani na kufunga mlango nyuma yake.

Mimi ningetafuta dirisha. Biubwa alimtazama yule mama kama anavyotazamwa mtu aliyekuja kusoma mita ya umeme. Tangu baba yake azikwe Jumamosi iliyopita, hakuna kitu kilichomfika. Mchana ule msusi wake alimgusa shingoni na pasi ya nywele yenye moto. Aliyepiga kelele ni msusi. Biubwa aliuliza tu, "Vipi?" na lengelenge likavimba chini ya sikio.

"Karibu, shangazi," alisema, kwa sababu Gaston alimfundisha kwamba Hawaii kila mwanamke mtu mzima ni shangazi wa kila mtu.

Mama Carmel akatabasamu kidogo. "Watengenezaji wa filamu yako wameniomba nikubariki leo mbele ya kamera. Mimi nafundisha nyimbo za kwetu. Watu wetu wa Molokai nawajua wengi. Wewe unatoka ukoo upi?"

"Wazazi wangu walikufa nikiwa mdogo."

"Pole. Bahari?"

"Bahari."

"Asumini hizi zimenipendeza," alisema yule mama, akilinyanyua koja. "Zimechumwa Bertrams, kwenye ua wa nyumba moja."

Hapo msomaji umeshtuka. Biubwa hakushtuka. Agosti ikiisha, nusu ya Johannesburg inanuka asumini, alijiambia, na Bertrams ina nyua nyingi. Hata harufu yenyewe hakuisikia.

Gaston akaingiza kichwa. Ni mtu wa Bukavu, mpole, anayetokwa jasho hata kwenye baridi ya Julai. Alipomwona mgeni jasho likaongezeka. Yule mama alipotoka kwenda jukwaani, Gaston alifunga mlango na kushusha sauti.

"Ule mama amekuuliza nini?"

"Ukoo."

"Mungu wangu! Na wewe umesema je?"

"Bahari."

"Sawa. Bahari ni bien. Bahari haina témoin, haina shahidi." Akajifuta paji la uso. "Sikiliza, Biubwa. Ule mama atakuvalisha ile maua, utaimba, tutasaini mkataba ya filamu, tutaenda kulala. Usikuwe na wasiwasi."

"Sina wasiwasi, Gaston."

"Ndiyo maana mimi niko nayo mingi," alisema Gaston. "Juu yako na juu yangu."

Ukumbi ule wa Sandton ulikuwa umejaa. Jioni ilikuwa bado haijaingia vizuri, kamera zilishakaa sawa, na kipindi kilikuwa kinaruka moja kwa moja nchi nzima. Mtangazaji Lerato alipanda na viatu virefu na sauti ya sherehe.

"Eish, mnamfahamu!" aliwaambia watu. "Alianza kuimba kwenye hoteli hapa hapa Sandton. Tukamwona kwenye tangazo la juisi ya nanasi. Tukalia naye miaka saba kwenye tamthilia, yule daktari mjane Malia. Albamu tatu! Na sasa anakwenda nyumbani, Hawaii, kucheza malkia kwenye filamu kubwa. Nohea Kai!"

Watu wakapiga vifijo. Mimi nitawaambia yale ambayo Lerato hayajui.

Ile hoteli ilikuwa na usiku wa muziki wa visiwa vya Pasifiki, na bendi waliyoialika haikutokea. Gaston, wakati huo mpiga gitaa wa kwaya, alimpeleka Biubwa aimbe nyimbo za kanisani polepole, kwa midomo iliyofumbwa nusu. Bi Ilham alikuwa amemtungia binti yake koja la asumini, kama anavyotungiwa mwari wa Unguja, ili asiende mbele za watu shingo tupu. Meneja wa hoteli alipoliona akauliza, "Hawaii?" Gaston akajibu ndiyo. Biubwa hakujibu kitu. Basi. Kazi yote ile ilianza na binti aliyenyamaza.

Tangu siku hiyo kila onyesho likawa na koja. Magazeti yaliandika kwamba makoja ya Nohea Kai ni ya asili kabisa, yanafuata desturi ya kale ya Pasifiki. Bi Ilham aliyasoma akacheka mpaka akashika ubavu, kisha akatoka uani na bakuli kuchuma maua mengine.

Mzee Sipho hakucheka wala hakununa. Kwenye kibanda chake cha kunyolea mtu akisema, "Mzee, huyu wa kwenye televisheni kafanana nawe," yeye alijibu, "Acha mzaha. Yule ni Mhawaii, hujui kuangalia?"

Na binti alimlipa nini? Mnakumbuka, lakini acha niwachome tena. Siku ya msiba aliingia nyumbani kwao kwa mlango wa nyuma, uso kaufunika nikabu ili nyota wa televisheni asijulikane. Akaketi mkekani. Mwanamke wa pembeni akamnong'oneza, "Wewe ni nani wake marehemu?" Biubwa akajibu, "Jirani."

Kuanzia neno lile, ganzi ikamshika. Na haikuishia hapo. Katikati ya wiki alimpigia mama yake simu akamwuliza, kwa mazoea tu, "Mama, koja la Jumamosi tayari?" Mama yupo eda! Mjane hajipambi, hajitii manukato, na kule kwao Bi Ilham alikolelewa mwenye eda hata maua hashiki. Mtoto wa Kizanzibari kulisahau hilo ni kama kuomba muziki matangani. Mama akakata simu. Hata pigo hilo Biubwa hakulisikia. Alijua kwamba lilipaswa kuuma, akaendelea na mazoezi.

Turudi jukwaani.

Taa zikamwangukia. Mama Carmel alisimama katikati na koja mikononi. Lerato akampa kipaza sauti.

"Kwetu," alisema yule mama, "mtu hasimami mbele ya mzee akaanza kuimba tu. Kwanza hujitambulisha. Hataji umaarufu wake. Hutaja wazazi wake, na mahali walipolala. Akishawataja, sisi tunajua nani anaimba." Akamgeukia Biubwa. "Mwanangu, baba yako ni nani?"

Nyuma ya pazia Gaston alishika kifua.

Wasomaji, nilidhani atalisema. Nawaambia kweli, kalamu yangu ilikuwa tayari. Lakini ulimi nao una mazoea yake kama mguu. Biubwa alifungua kinywa, na yale majina mawili waliyoyabuni yeye na Gaston miaka ile juu ya sahani ya chipsi yakatoka yenyewe, laini, kwa mpangilio. Baba fulani Kai. Mama fulani Kai. Wamelala baharini, kaskazini ya Molokai.

Watu wakapiga makofi. Lerato alifuta jicho, tena kwa kweli.

Mama Carmel hakupiga makofi. Alikuwa amekwisha kulinyanyua koja mpaka usawa wa kidevu cha Biubwa. Akalishusha.

"Koja litasubiri," alisema kwa upole. "Nitamvisha baadaye, kabla ya wimbo."

"Sharp, sawa!" Lerato alidaka. "Tunakwenda kwenye matangazo!"

Chumbani, yule mama alifunga mlango tena. Biubwa akaketi mbele ya kioo kile kile.

"Unajua kwamba nimesema uongo," alisema. Sauti yake ilikuwa tambarare.

"Nilijua kabla hujasema."

"Basi waambie."

"Sikuja kukuumbua. Niliitwa." Mama Carmel aliketi juu ya sanduku la nguo. "Siku chache baada ya kufika mji huu, nilishuka asubuhi nikamkuta mzee hapo chini hotelini. Koti kubwa, kofia ya kufuma. Walinzi walitaka kumtoa. Aliwaambia amesoma gazetini kwamba kuna mgeni wa Molokai, na hatoki bila kumwona. Akaniambia: 'Kuna binti anaimba nyimbo za kwenu. Si wa kwenu. Nakuomba usimwaibishe.' Nikamwuliza, unajuaje kwamba si wa kwetu? Akasema: 'Kwa sababu ni wangu.'"

Biubwa hakutikisika. Alikuwa anatazama vifuniko vya chupa za poda, kimoja kimoja.

"Akaniuliza, ni kweli kwamba watu wa Hawaii huweza kumpa mwenzao mtoto, amlee, awe wake? Nikamwambia ni kweli, ni desturi yetu tangu zamani. Akavua kofia. Akasema: 'Basi mimi nakupa huyu. Mchukue. Ukimchukua wewe, atakuwa mtoto wa Molokai kweli, na hakuna atakayemwita mwongo.'"

"Alinitoa," alisema Biubwa. "Baba alinigawa."

"Alikugawa ili upone. Hakuwa na sura ya mtu anayetaka kukuondoa kwake. Alikohoa mara nyingi, nikampa maji."

"Nawe ulimjibu nini?"

"Nilimwambia nitakuchukua. Lakini nilimwambia na jambo moja, naye alilikubali. Kwetu mtoto anayetolewa hafichwi alikotoka. Anakuwa na wazazi pande zote mbili, na akisimama mbele za watu anawataja wote. Ndiyo sababu nilikuuliza vile jukwaani. Ungemtaja Sipho tu. Ningekuvisha pale pale, ningeshika kipaza sauti niseme huyu ni mtoto wangu, nimepewa na baba yake. Ungebaki na kazi yako na baba yako pia."

Mnaona, wasomaji? Mlango ulikuwa wazi kabisa, ameupita akaenda kugonga ukuta.

Biubwa alijua kwamba mtu mwingine angelia. Alisubiri. Hakikuja kitu. "Baba alikuwa mgonjwa," alisema, kana kwamba anaongelea mtu wa kwenye habari. "Mimi sikuja kumtazama. Nilikuwa narekodi."

Mama Carmel alinyoosha mikono, akamwekea lile koja mapajani.

Hapo ndipo Biubwa alipolitazama kwa mara ya kwanza. Asumini, kisha jani la mrehani. Asumini, kisha jani la mrehani, uzi umepitishwa mara mbili na fundo limefichwa ndani. Hawaii hawatungi hivi. Hakuna mtu mwingine Johannesburg anayetunga hivi.

"Nani katunga?"

"Mama yako. Baba yako aliniambia nyumba yake ina asumini uani. Niliposikia amefariki, nilikwenda kutoa pole. Leo asubuhi kanipa hili nikuletee."

"Haiwezekani. Mama ana eda. Mwenye eda hashiki maua."

"Alisema utasema hivyo." Mama Carmel aliinuka, akalichukua koja taratibu. "Akasema nikujibu kwamba yeye ana eda, ni kweli. Na wewe una baba wa kumtaja."

Biubwa aliutazama mkono wake uliokuwa umeshika koja. Ulikuwa umebaki wazi juu ya paja.

"Anatazama?" aliuliza. "Msibani televisheni imefunikwa shuka. Niliiona."

"Aliifunua leo. Alitaka kuona ukivishwa."

Kwa hiyo Bi Ilham, mjane wa wiki moja, ameifunua televisheni msibani, mbele ya majirani wote wa Bertrams, ili amsikie mtoto wake akiwataja wazazi wengine waliolala baharini. Mimi mwandishi nimeona aibu ya kuandika sentensi hiyo. Yeye Biubwa aliisikiliza ikipita, kama treni ya upande wa pili.

Lakini aliinuka.

"Matangazo yakiisha narudi," alisema. "Niulize tena."

"Nitakuuliza vile vile," alisema Mama Carmel. "Nakusubiri pale pale niliposimama." Akatoka na koja.

Gaston alikuwa nje ya mlango. Alikuwa amesikia mwisho wa maneno, na mwisho ulimtosha. Aliingia akasimama katikati ya chumba.

"Utasema nini kule?"

"Jina la baba yangu."

"Biubwa. Dada yangu." Alikunja mikono kama anayeomba kanisani. "Nilimpenda mzee Sipho, Mungu anajua. Lakini mzee amekufa. Sisi tuko. Ukisema vile, ile filamu inaisha leo. Tamthilia itakufukuza. Watu watakuita mwizi. Batoto yangu banakula juu ya ile jina, Biubwa. Miaka yote banakula juu ya Nohea Kai."

"Mama Carmel atanichukua. Atawaeleza."

"Atawaeleza je? Kwamba ulidanganya, lakini kwa desturi? Ba-journaliste batacheka mpaka kesho!"

Alikuwa na haki kidogo, Gaston. Sitamfanya shetani ili mie nipate kuuza gazeti. Alikuwa na hofu ya mtu mwenye nyumba ya kupanga, na hofu hiyo wengi wetu humu Johannesburg tunaijua.

"Ukitoka kwa ule mlango na ile jina mu kinywa," alisema polepole, "Nohea Kai amekufa."

"Basi na yeye tumzike," alisema Biubwa.

Macho ya Gaston yalilengalenga. "Nisamehe," alisema, akatoka, akaufunga mlango bila kuubamiza.

Biubwa akaijongelea meza. Akalivua lile ua bandia la sikioni, akalitupa. Akafuta poda shingoni mpaka lengelenge likaonekana. Alitaka aende na uso wake. Akajaribu kwa sauti ya chini, peke yake, kama mtoto anayekariri: "Sipho Mabuza. Amelala hapa hapa Johannesburg. Ilham binti wa Unguja. Yuko Bertrams." Midomo ilikuwa mizito, lakini majina yalitoka.

Akashika kitasa. Hakikuzunguka.

Akajaribu tena. Mlango ulikuwa umefungwa kwa nje, na hatua za Gaston zilikuwa zinakwenda upande wa jukwaa.

Spika ndogo juu ya kioo ikakohoa, na sauti ya Lerato ikajaa chumbani. "Karibuni tena! Mpenzi wetu Nohea amezidiwa na furaha, wanasema amepata kizunguzungu kidogo, jamani. Lakini ametuachia wimbo. Tumpigie makofi huku tukimsubiri!"

Makofi. Kisha gitaa. Kisha sauti ya mwanamke, tamu, iliyorekodiwa, ikaanza kuimba kwa midomo iliyofumbwa nusu. Ilikuwa sauti yake mwenyewe. Ilikuwa inaimba bila yeye, kwa jina lisilo lake, na huko ukumbini mwanamke mzee alikuwa amesimama na koja anamsubiri, na kule Bertrams mwanamke mwingine alikuwa ameketi mkekani mbele ya televisheni.

"Gaston!" aliita.

Biubwa aliinua mkono akaupiga mlango kwa kiganja, kwa nguvu zake zote.

Kiganja kikauma.

Alisimama akakitazama. Kilikuwa chekundu, na kilikuwa kinauma kweli, na maumivu yalikuwa yanapanda kwenye kifundo, kwenye kiwiko, yakienda juu. Akaanza kulia. Akakiinua tena, akapiga.